Sira ya Juano Hernández katika Senema

Mwaka 1949, jina la Juano Hernández lilipotokea kwa mara ya kwanza katika picha ya shirika kubwa la senema la Marekani, mwenye jina alikuwa amekwisha kuvuka umri wa miaka hamsini, umri ambao wachezaji wengi wa senema, hasa wale wanaoishi kwa uzuri wa sura, huwa wameanza kuagana na taa na kamera. Hakuwa mgeni wa kazi hata kidogo, kwani nyuma yake ilikuwako miaka ya sarakasi, ya ngumi, ya kuimba, ya jukwaa na ya redio, mambo ambayo mtu angelitenda moja tu kati yake lingelimtosha kuwa wasifu wake wote. Hata hivyo, watoaji wa tuzo ya Golden Globe walimhesabu miongoni mwa wachezaji wapya wenye kutarajiwa, wakamteua awanie tuzo ya chipukizi, naye ana mvi. Leo waandishi wa tarehe ya senema humtaja kwa mstari mmoja, aghalabu ndani ya sura inayomhusu mchezaji mwenziwe Sidney Poitier, kisha wakapita. Na kwa kuwa naamini kwamba mstari ule mmoja ni dhulma, nataka kumweleza mtu huyu kwa utaratibu, tangu alikotoka mpaka alikoishia, na kuonyesha kwamba ile staha iliyowashangaza watazamaji haikuwa zawadi ya waandishi wa michezo, bali ni mali aliyoichuma mwenyewe kabla hajaiona Hollywood.

Hernández alizaliwa San Juan, mji mkuu wa kisiwa cha Puerto Rico, mwaka 1896, baba yake akiwa baharia wa kisiwani hapo na mama yake mtu wa Brazil. Kisiwa kilikuwa bado katika milki ya Hispania. Baada ya vita vya 1898 kikaangukia mikononi mwa Marekani, na mwaka 1917 wenyeji wake wakafanywa raia wa dola hiyo pasipo kupewa haki zote za uraia. Kwa sisi watu wa pwani ya Afrika ya Mashariki kuna sadfa moja inayostahili kukumbukwa hapa: utumwa ulifutwa Puerto Rico mwezi wa Machi 1873, na soko la watumwa la Unguja likafungwa kwa mkataba mwezi wa Juni mwaka ule ule, hata wazee waliompita mtoto huyu njiani San Juan walikuwa wa kizazi kimoja na wale waliopita katika vichochoro vya Mji Mkongwe wakiwa na kumbukumbu ya minyororo. Kule Brazil, alikokwenda kulelewa, utumwa ulikoma 1888, yaani miaka minane tu kabla ya kuzaliwa kwake.

Alikuwa yatima angali mtoto, akachukuliwa na shangazi yake Rio de Janeiro, na huko, badala ya darasa, alipata barabara. Aliimba na watoto wenziwe mbele ya wapita njia ili wapate chakula. Shule hakuiona, kusoma na kuandika alijifundisha mwenyewe. Alifanya kazi za baharini kama babake, akaingia katika kundi la sarakasi, na mwaka 1922 akatokea Rio mbele ya watu akiwa mwana sarakasi. Kisha akazunguka visiwa vya Karibi akipigana masumbwi kwa malipo, kwa jina la Kid Curley. Sikumbushi mambo haya kwa ajili ya kupamba simulizi. Atakayemtazama Hernández katika picha zake za baadaye ataona jinsi anavyosimama: miguu imekita, mabega yametulia, kichwa hakiyumbi, na mikono haina haraka ya kutafuta mahali pa kukaa. Huo ni mwili uliofundishwa na kamba ya sarakasi na ulingo wa ngumi, na hakuna mwongozaji wa senema awezaye kumfundisha mtu hivyo kwa majuma machache ya kupiga picha.

Alipofika New York alianza chini kabisa, katika michezo ya nyimbo na vichekesho iliyokuwa ikizunguka kumbi za miji, na katika kwaya ya kanisa. Mwaka 1927 akawa mmoja wa waimbaji wa kundi katika mchezo mashuhuri wa Show Boat huko Broadway. Lakini mlango aliokuwa akiutamani ulikuwa wa redio, na kufuli la mlango huo lilikuwa lugha. Kihispania na Kireno alizaliwa navyo. Kiingereza alikiokota njiani, kwa lafudhi ya kila bandari aliyotia nanga. Basi mtu huyu ambaye hakuketi darasani alikaa na maandiko ya Shakespeare, akayasoma kwa sauti, akayarudia, akapima pumzi yake juu ya vituo na vina mpaka matamshi yakanyoka na maneno yakaanza kumtoka kwa uzito uliokusudiwa. Sijui kama iko njia ngumu zaidi ya kujifunza lugha ya kigeni kuliko kuanzia kwa mtunzi aliyekufa zaidi ya miaka mia tatu nyuma, ila nina hakika kwamba ule ufasaha wa polepole, unaolipa kila neno haki yake, ulizaliwa katika mazoezi hayo.

Redio ya Marekani ya zama hizo ilikuwa na ajabu yake. Kipindi kilichopendwa kuliko vyote juu ya maisha ya watu weusi, Amos 'n' Andy, kilichoanza 1928, kilichezwa na wazungu wawili waliobadilisha sauti zao. Katika hali hiyo, mtu mweusi aliyetaka kusikika redioni alitakiwa aige sauti ile ambayo wazungu walikuwa wameibuni na kuiita yake. Hernández alipita upande wa pili. Mwaka 1933 alikuwa John Henry, lile jabali la hadithi za wachapa kazi weusi, katika mfululizo wa shirika la CBS. Na tangu 1940 akawa Lothar, sahibu wa mfanya mazingaombwe Mandrake, katika kipindi kilichosikilizwa na watoto wa rangi zote. Wasikilizaji hawakumwona uso, na sauti nzito iliyowafikia ilikuwa ni ya mtu mzima, aliyeshiba maneno yake, asiyemchekea yeyote.

Katika miaka hiyo hiyo palikuwako senema nyingine, ambayo Hollywood ilijifanya haiijui. Oscar Micheaux, mtoto wa watu waliotoka utumwani, alikuwa akitunga, akiongoza na kuuza picha zilizochezwa na watu weusi kwa ajili ya watu weusi, akipiga zaidi ya arobaini katika maisha yake, na kuzitembeza yeye mwenyewe toka mji hadi mji katika kumbi ambazo watu wake waliruhusiwa kuketi. Hernández alicheza kwake katika The Girl from Chicago ya 1932, akawa Gomez, bwana wa kamari ya namba wa Harlem, mtaa wa watu weusi wa New York. Akarudi katika Lying Lips ya 1939 na The Notorious Elinor Lee ya 1940. Fedha zilikuwa haba mno hata onyesho lililokosewa mara nyingi liliachwa vile vile, kwa sababu filamu ya kulirudia haikuwako. Atazamaye picha hizo leo huona wachezaji wengine wakihangaika na maneno yaliyoandikwa kwa pupa. Hernández huyasema kana kwamba yameandikwa vizuri. Ndivyo alivyoishi kwa miaka ishirini: riziki ya hapa na pale, jina lisilojulikana nje ya mitaa yake, na kazi iliyokuwa ikikomaa kizani.

Jukwaa ndilo lililomtoa mbele. Mwaka 1945 alicheza katika Strange Fruit, mchezo uliotokana na riwaya ya Lillian Smith, na mwaka 1948, katika Set My People Free wa Dorothy Heyward, akashika nafasi ya Denmark Vesey, yule seremala huru wa Charleston aliyeuawa 1822 kwa kupanga maasi ya watumwa. Mchezo haukudumu, lakini kumpa mtu nafasi ya Vesey ni kumpa mzigo wa mtu anayeamuru, anayeshawishi, na anayekwenda kufa bila ya kutubu. Na aliyebeba mzigo huo mwaka 1948 ndiye mtu aliyehitajika mwaka 1949.

Kwani 1949 haukuwa mwaka wa kawaida. Askari weusi walikuwa wamerudi kutoka vita vilivyopiganwa, kwa kauli ya serikali yao, dhidi ya ubaguzi wa Hitler, na wakayakuta mabasi, shule na mikahawa ya kusini kama walivyoviacha. Rais Truman alikuwa ametoa amri Julai 1948 ya kuondoa ubaguzi jeshini. Na NAACP, jumuiya ya kutetea haki za watu weusi, ambayo katibu wake Walter White alikwisha kwenda Hollywood wakati wa vita kuwasihi wenye studio waache kuwafanya watu weusi kuwa vikaragosi, ilikuwa bado inasubiri jawabu. Jawabu likaja kwa picha nne katika mwaka mmoja: Home of the Brave, Lost Boundaries, Pinky na Intruder in the Dust. Katika mbili za katikati, wale watu weusi ambao hadithi inawahusu walichezwa na wazungu, Mel Ferrer na Jeanne Crain, kwa hoja kwamba hadithi ni ya watu weusi wenye ngozi nyeupe. Katika ya kwanza, James Edwards alikuwa askari aliyevunjika moyo, anayelia na kuponywa na daktari mzungu. Ya nne ndiyo iliyompa Hernández nafasi ya Lucas Beauchamp, na Lucas Beauchamp halii.

Picha hiyo, Intruder in the Dust, ilitokana na riwaya ambayo William Faulkner alikuwa ameitoa mwaka uliotangulia. Clarence Brown, mwongozaji wa shirika la MGM aliyekulia Tennessee, na ambaye katika ujana wake alishuhudia fujo za Atlanta za 1906 ambamo watu weusi waliuawa mitaani, aling'ang'ania kuifanya picha ijapokuwa wakubwa wake hawakuipenda. Naye akaamua kuipiga palepale ilipotungwa, katika mji wa Oxford, Mississippi, na kuwatumia wenyeji wa mji kuwa umati. Hebu msomaji afikiri juu ya hali ile. Uwanja mbele ya mahakama ulijaa watu wa Oxford, wanaume na wanawake na watoto, wakicheza nafasi ya watu waliokuja kumtazama mtu mweusi akichomwa moto. Na mchezaji aliyepitishwa katikati yao, siku ya kazi ilipokwisha, hakuruhusiwa kulala katika hoteli ya wenzake, kwa kuwa sheria na ada za Mississippi hazikutofautisha mchezaji mkuu na mpita njia, akapata malazi kwa jamaa weusi wa mjini.

Kisa chenyewe ni chepesi kukisimulia. Lucas, mzee mwenye shamba lake, anakutwa amesimama karibu na maiti ya mzungu, bastola yake imetoka kupigwa. Jamaa wa marehemu wanakusanyika kuja kumtoa jela wamuue bila hukumu. Yeye anajua kwamba risasi iliyoua haikutoka katika bastola yake, lakini wakili hamwamini hata kabla hajafungua kinywa. Basi anamgeukia mtoto, Chick Mallison, na kumtuma kaburini usiku akafukue. Mtoto huyo, rafiki yake mweusi Aleck, na bibi mmoja mzee wa kizungu, ndio wanaoifanya kazi ambayo sheria ingepaswa kuifanya. Kisha bibi huyo anakwenda kukaa kitako mlangoni mwa jela na kazi yake ya sindano, akiwazuia wauaji kwa umri wake na rangi yake, hata petroli inapomwagwa miguuni pake.

Ila picha haikai moyoni kwa ajili ya fumbo la bastola. Inakaa kwa ajili ya kitendo kimoja kilichotokea kabla ya mambo hayo yote, na ambacho mtoto anakikumbuka kwa haya. Akiwa katika kuwinda alitumbukia katika kijito wakati wa baridi. Lucas akampeleka nyumbani kwake, akamkausha motoni, akamlisha chakula. Mtoto, kwa kuwa alilelewa ajue kwamba mzungu hawi mgeni katika nyumba ya mtu mweusi, akatoa sarafu mfukoni na kuzinyosha mbele ya mwenye nyumba. Lucas anazitazama. Anauliza za nini. Hapandishi sauti, hasogei. Na kamera, ambayo Brown aliiacha itulie, inatuonyesha uso ambao haukukasirika wala haukuhuzunika, uso wa mtu ambaye ada zake zimevunjwa na mtoto na anasubiri mtoto azindukane. Mtoto kwa kutahayari anaziachia zianguke sakafuni, na Lucas anaagiza ziokotwe, arudishiwe. Mswahili yeyote aliyelelewa kuheshimu ugeni anajua mara moja ni kitu gani kilichotukanwa katika chumba kile, na anajua pia kwamba Hernández, mtoto aliyeimba barabarani kwa kutupiwa sarafu, alikijua kuliko mtu mwingine yeyote aliyekuwapo.

Mwisho wa kisa unalingana na mwanzo wake. Lucas, akiwa huru, anakuja ofisini kwa wakili na kofia yake na suti yake nyeusi, kulipa deni. Wakili anasema hataki malipo. Lucas anasisitiza, na baada ya mabishano inapatikana hesabu ndogo ya dola mbili kwa gharama, naye anazihesabu juu ya meza, sarafu kwa sarafu, bila ya haraka hata kidogo. Kisha hatoki. Wakili anauliza anangoja nini tena, naye anajibu kwamba anangoja risiti yake. Onyesho hili lingeweza kuchezwa kwa kuchekesha, na katika mikono ya mchezaji mwingine lingechekesha kweli. Hernández analicheza kama mtu afungaye hesabu na mji mzima, asitake mtu wa mji huo aje kusema kesho kwamba Lucas Beauchamp anadaiwa shukrani.

Ralph Ellison, ambaye wakati huo hajatoa riwaya yake ya Invisible Man, alizipima picha zile nne katika makala moja na kuona kwamba hii peke yake ndiyo ingeweza kuonyeshwa Harlem bila ya watazamaji kucheka mahali ambapo kicheko hakikukusudiwa. Faulkner mwenyewe hakuona aibu nayo ilipofunguliwa Oxford mwezi wa Oktoba. Lakini haikuleta faida, na katika biashara ya Hollywood neno hilo ndilo hukumu ya mwisho.

Mwaka 1950 ulikuwa mwaka wa neema yake, na neema hiyo haikurudi tena kwa kipimo kile. Chuo Kikuu cha Puerto Rico kilimtunukia shahada ya heshima, yeye ambaye hakupata cheti cha shule ya msingi. Na picha tatu zikatoka. Katika Young Man with a Horn alikuwa Art Hazzard, mpiga tarumbeta anayemfundisha mvulana wa kizungu sanaa yake, kisha anaona sanaa hiyo ikimpandisha mwanafunzi na kumwacha mwalimu chini. Katika Stars in My Crown ya Jacques Tourneur, mwongozaji aliyeipenda hadithi hiyo hata akakubali ujira mdogo ili aipate, Hernández ni Uncle Famous, mkulima ambaye ardhi yake ina madini na ambaye amekataa kuiuza. Watu waliojifunika vitambaa vyeupe wanakuja usiku na kamba. Mchungaji wa mji, Joel McCrea, hana silaha. Anaomba tu nafasi ya kuwasomea wasia wa mzee kabla hawajamwua, na anausoma: fimbo ya kuvulia samaki kwa huyu, wembe kwa yule, mbwa kwa mwingine, kila kitu kikirudi kwa mtu ambaye mzee alimjua tangu utoto wake, na kila mmoja akijitambua chini ya kitambaa, mpaka wanaondoka mmoja mmoja. Mtoto anayeokota karatasi zile anaona hazikuandikwa kitu. Onyesho ni la McCrea kwa maneno. Ila macho yangu kila mara humwendea yule mzee aliyesimama kimya kando, akisikiliza maisha yake yote yakigawanywa, kwani bila ya uso ule wenye subira, wasia ungelikuwa hila ya mchungaji mwerevu na si zaidi.

Ya tatu, The Breaking Point ya Michael Curtiz, ilitokana na riwaya ya Hemingway. Hernández ni Wesley Park, mshirika wa nahodha Harry Morgan katika mashua yake ya uvuvi. Anapigwa risasi na majambazi na mwili wake unatupwa baharini. Katika onyesho la mwisho mashua inaletwa bandarini, watu wanamzunguka nahodha aliyejeruhiwa, mkewe analia, gari la wagonjwa linakuja; kisha kamera inainuka na kumwonyesha mtoto wa Wesley amesimama peke yake gatini, akiangalia huku na huku, na hapana hata mtu mmoja anayekuja kumwambia. Mtoto huyo alikuwa mwana wa Hernández kwa kuzaliwa. Picha ilikuwa na haki ya kuwa mashuhuri, lakini John Garfield, aliyecheza nafasi ya nahodha, alikuwa ametajwa mwaka huo miongoni mwa washukiwa wa ukomunisti, na shirika la Warner likaiachia ipotee bila ya matangazo.

Hofu hiyo ya ukomunisti ndiyo iliyoufunga mlango uliokuwa umefunguliwa 1949, kwa sababu mtu aliyeonekana kushughulika mno na haki za weusi alikuwa rahisi kuitwa adui wa dola, na wenye studio hawakuhitaji kuambiwa mara mbili. Baada ya 1950 picha kubwa zikamsahau mpaka 1955, alipokuja na mbili zisizofanana. Katika Kiss Me Deadly ni Eddie Yeager, mwenye jumba la mazoezi ya ngumi, kwa dakika chache tu, na hapo Kid Curley wa zamani alijua anachokizungumza. Katika Trial ni hakimu Theodore Motley. William Hastie, mtu mweusi, alikuwa amekwisha kukalia kiti katika mahakama ya rufaa ya taifa tangu 1949, lakini watazamaji wengi hawakuwahi kuona katika senema mtu wa rangi hiyo akivaa joho, akigonga nyundo na kuwanyamazisha mawakili wa kizungu. Hakimu Motley anajua kwamba amekabidhiwa kesi ile kwa hila za kisiasa, na wakati fulani anawaambia hivyo mawakili waziwazi. Anayasema kwa utulivu mkali unaoonyesha kwamba yale matamshi ya Shakespeare yalikuwa yakiingoja siku hiyo kwa miaka ishirini na mitano.

Kisha ikaja kazi inayotugusa sisi kwa karibu. Something of Value ya 1957, iliyoongozwa na Richard Brooks kwa kufuata riwaya ya Robert Ruark, ilihusu vita vya Mau Mau, na sehemu yake ilipigwa Kenya hasa, wakati nchi ingali katika hali ya hatari iliyotangazwa Oktoba 1952. Dedan Kimathi alikamatwa Oktoba 1956 na kunyongwa Februari 1957. Picha ikatoka Mei. Watu wa Nyeri na Murang'a walikuwa bado katika vijiji vilivyozungushiwa mahandaki, na maelfu wamo makambini, pale Marekani ilipokuwa ikikata tikiti kuona kisa cha vijana wawili waliokua pamoja, mzungu Peter na Mkikuyu Kimani, wakatenganishwa na damu. Sidney Poitier ni Kimani. Hernández ni Njogu, mzee anayewalisha watu kiapo.

Nina maneno mawili juu ya kazi hiyo, na yanapingana. Picha imetazama mambo kwa macho ya masetla, ijapokuwa Brooks alijitahidi kuuonyesha ubaya wao. Ardhi iliyonyang'anywa, ambayo ndiyo shina la ugomvi wote, inatajwa kwa mbali, ilhali mapanga yanaonyeshwa kwa karibu. Njogu anapokamatwa, hasemi. Anatishwa, anaulizwa, na bado hasemi. Mpaka usiku wa radi unapomwingizia hofu kwamba Ngai, Mungu wa Wakikuyu, amekasirika, ndipo anafungua kinywa. Wazee waliokufa katika makambi ya Manyani na Hola hawakuvunjwa na radi, na kuwavunja hivyo katika hadithi ni kuwafanya watoto wa giza. Hilo ni neno la kwanza. La pili ni kwamba, katika maonyesho yaliyotangulia radi, Hernández amempa Njogu uzito ambao maandishi hayakumpa: anapomlisha kiapo kijana, hana ukali wa mchawi wa senema, bali ana taadhima ya mzee afanyaye jambo zito ambalo hana budi kulifanya. Ni mtu wa Puerto Rico, Kikikuyu hakujua. Lakini alijua mzee ni nani.

Hollywood, ikishampata mzee mmoja wa Kiafrika, ilimtumia kwa kila Afrika. Katika The Mark of the Hawk, picha ya mwaka huo huo wa 1957 iliyomkutanisha tena na Poitier, alikuwa mzee Amugu. Katika The Sins of Rachel Cade alikuwa Kalanumu wa Kongo ya Wabelgiji, katika hadithi ya muuguzi wa kimisheni iliyofika kwenye kumbi 1961, Kongo ikiwa imekwisha kujitawala na Lumumba amekwisha kuuawa. Mpiga picha Robert Surtees, yule aliyeipiga Intruder in the Dust, alikuwa ameondoka Mississippi na kuja moja kwa moja Kenya, Uganda na Tanganyika kupiga King Solomon's Mines, akapata Oscar kwayo. Naye aliwapiga picha watu wa hapa wenyewe. Ningependa sana kama Hernández naye angelipewa picha moja ya Afrika iliyoandikwa na mtu wa Afrika. Zama hizo hazikuwa nayo.

Zilizobakia nitazipita upesi. Alikuwa sajini mzee katika Sergeant Rutledge ya John Ford, 1960. Baba mkali wa mwanamuziki W. C. Handy katika St. Louis Blues, 1958. Uncle Possum katika The Reivers, 1969, hadithi nyingine ya Faulkner. Moja tu inataka kukaliwa. Katika The Pawnbroker ya Sidney Lumet, Rod Steiger ni Myahudi aliyeokoka katika makambi ya Wanazi na kuweka duka la rehani Harlem, mtu aliyekwisha kuufunga moyo wake. Hernández ni bwana Smith, mteja anayeleta kitu chochote, kisicho na thamani, ili apate dakika chache za kuzungumza juu ya wanafalsafa na mtu ambaye anadhani ni msomi. Anayasema majina ya wakubwa wa fikra kwa ladha ya mtu aliyevisoma vitabu peke yake, usiku, bila ya mwalimu na bila ya mwenzake. Mwenye duka anamtupia bei ndogo na kumgeuzia kisogo. Hapo hakuigiza kitu asichokijua, kwa kuwa yeye mwenyewe alikuwa msomi wa aina hiyo, aliyetafuta elimu mahali ambapo hapakuwa na mtu wa kumpongeza kwa kuipata.

Poitier alipata Oscar yake mwaka 1964, akiwa na umri wa miaka 37. Alistahili. Lakini yule aliyeonyesha, miaka kumi na mitano kabla, kwamba mtu mweusi anaweza kuijaza picha ya Hollywood bila ya kuchekesha na bila ya kuomba huruma, alikuwa amezaliwa mapema mno kuwa nyota, na nafasi za wazee hazipewi matangazo. Katika miaka yake ya mwisho Hernández alirudi Puerto Rico, akaandika mchezo wa senema juu ya Sixto Escobar, mwanamasumbwi wa kwanza wa kisiwa hicho kuwa bingwa wa dunia. Wenye fedha wa nyumbani hawakuutolea fedha; akaufasiri kwa Kiingereza na kuupeleka Hollywood, na ulikuwa karibu kununuliwa alipofariki San Juan tarehe 17 Julai 1970, kwa damu kuvuja ubongoni. Alizikwa Trujillo Alto. Picha yake ya mwisho, They Call Me Mister Tibbs!, ambayo Poitier ndiye mchezaji wake mkuu, ilikuwa imeanza kuonyeshwa mwezi ule ule.